Kwa mwalimu wa Kasulu anayelipwa nusu mshahara

Pole, mwalimu. Barua ya ajira inasema laki nne, mkononi unapokea laki mbili na nusu, na meneja anasema msubiri ruzuku ya serikali. Hiyo ruzuku haikuhusu. Aliyekuajiri ni mwenye shule, ndiye unayemdai.

Angalia kalenda kwanza. Dai la mshahara hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, chombo cha serikali cha migogoro ya kazi, ndani ya siku 60 tangu mgogoro uanze. Ukifukuzwa, ni siku 30 tu. Ukichelewa, utajaza fomu namba 2 kuomba kuongezewa muda, na "nilikuwa nasubiri ahadi" ni sababu dhaifu. Ofisi ipo Kigoma mjini, na kufungua shauri hakuna ada. Chukua fomu namba 1, mpe mwajiri nakala, asaini kuwa ameipokea.

Beba barua ya ajira na miamala ya simu. Mie nilitunza hata daftari la mahudhurio lenye mhuri. Kama hukupewa mkataba wa maandishi usihofu: mwajiri asipouonyesha, mzigo wa kuthibitisha masharti ya kazi unamwangukia yeye.

Mwenzako aliyeletwa na serikali asikufuate huko. Yeye sheria inamtaka amalize kwanza njia za kulalamika ndani ya utumishi wa umma.

Na usiache kazi kwa hasira.