Mwanangu, kuhusu hiyo kazi ya skripti

Mwanangu,

Meseji yako niliisoma juzi usiku, nikaona haya mambo siyo ya kujibu kwa simu. Unasema riwaya imetoka ila nakala nyingi bado ziko kwenye boksi chini ya kitanda, sa hivi umeitwa kuandika skripti za tamthilia na unaogopa ukienda huko ndo basi tena, uandishi umeuacha. Afu ukauliza yule Mfaransa niliyekuwa nawasimulia enzi zile nafundisha Kifaransa, hivi yeye alijuta?

Jean-Claude Carrière, yule mwandishi wa skripti za filamu. Mtoto wa wakulima wa zabibu, kusini mwa Ufaransa, kazaliwa 1931. Riwaya yake ya kwanza, Lézard, ilitoka 1957, baada ya hapo akapata kazi ya kugeuza filamu ya Jacques Tati, mtengeneza filamu za vichekesho, iwe kitabu. Tati akamuuliza sinema inatengenezwaje, kijana akasema hajui, basi akakabidhiwa kwa mama mmoja mhariri wa filamu, Suzanne Baron. Yule mama akagusa skripti iliyokuwa mezani, akagusa na mkanda wa filamu, akamwambia shida yote ni kutoka hapa kufika hapa. Wakakaa kwenye mashine wanapitisha filamu polepole, skripti iko pembeni, wanaangalia kila sentensi imegeuka nini.

Na wewe omba hivyo hivyo. Kabla hujaandika hata ukurasa mmoja omba ukakae na mhariri wao, hata siku mbili tu.

Mwaka 1963 pale Cannes, kwenye tamasha la filamu, akakutana na Luis Buñuel, mwongoza filamu wa Kihispania, mzee akamuuliza kama anakunywa mvinyo, akajibu kwao wanautengeneza kabisa. Wakafanya filamu 6. Walikuwa wanajifungia hotelini mbali na watu, wanakula pamoja, wanaandika pamoja, na kila mmoja ana haki ya kulikataa wazo la mwenzake papo hapo bila kueleza kwa nini. Hapo ndo nakuhofia mwanangu, manake nilivyosema tu sura ya tatu ifupishwe ulininunia wiki nzima.

Kingine, Carrière alikuwa anasema filamu ikishapigwa skripti unazikuta kwenye ndoo za taka za studio. Hilo mimi halinishtui, ile karatasi ninayokatia gauni la mteja nikishamaliza kushona naifagia na vipande vya kitambaa, mteja anaondoka na gauni lake linamkaa vizuri mabegani na hakuna anayeuliza karatasi iko wapi. Sa jiulize kama moyo wako utaweza hilo, usijiulize kama ni uandishi, uandishi ni uandishi.

Kujuta sijaona alipojuta. Aliandika tamthilia ya jukwaani ya Mahabharata, ule utenzi mkubwa wa kale wa India, mwongozaji Mwingereza Peter Brook akaionyesha kwenye tamasha la Avignon, Ufaransa, 1985, masaa 9 mazima, na vitabu hakuviacha, 1992 katoa La Controverse de Valladolid, kitabu na filamu ya tivii. Oskari ya heshima kapewa 2014, kafariki 2021 ana miaka 89.

Kwa hiyo nenda, ila kwenye mkataba hakikisha jina lako linaandikwa kwenye kila kipindi. Na hilo boksi nitumie kwa basi la Ijumaa, niviweke vitabu hapa kwenye meza ya cherehani, wateja wakisubiri nguo watasoma na watanunua.

Mama yako