Ndiyo, Waafrika walitawala Janjira

Ndugu uliyeuliza kama ni kweli kuna nasaba ya Kiafrika iliyowahi kutawala dola nchini India: ni kweli kabisa, na inastahili kujulikana zaidi. Ni Masidi wa Janjira, pwani ya Konkan, kusini mwa Mumbai. Asili yao ni Uhabeshi. Wahabeshi wengi walifikishwa India wakiwa watumwa, lakini wapo waliopanda kwa upanga na ubaharia hadi wakawa makamanda, na hawa wakawa watawala.

Nguvu yao ilikuwa ngome. Janjira ni neno "jazira" la Kiarabu, yaani kisiwa, na ngome yenyewe imekizunguka kisiwa karibu chote mbele ya mji wa Murud. Kuta zinainuka moja kwa moja kutoka majini, na lango huwezi kulitambua mpaka chombo kimekaribia. Hapo langoni kuna mnyama mkali aliyechongwa kwenye jiwe, amewabana ndovu kwa makucha. Shivaji, mfalme wa Wamaratha wa magharibi mwa India, alijaribu kuiteka, akashindwa. Mwanawe Sambhaji akaanza hata kujaza mawe baharini apate njia ya kuvukia, naye hakufanikiwa.

Tawi jingine la ukoo huo wa Masidi lilipata dola ndogo ya Sachin, karibu na mji wa Surat, mwaka 1791. Dola zote mbili ziliunganishwa na India huru mwaka 1948, na nawabu (mtawala) wa mwisho wa Janjira alikuwa Sidi Muhammad Khan.

Kwa hiyo anayekwambia Mwafrika alifika India kama mtumwa tu, mwonyeshe Janjira.