Jibu: Tarehe moja, matukio mengi – 9 Novemba

Mkuu, umeuliza kama kuna tarehe iliyobeba matukio makubwa ya nchi moja, na kama ni bahati tu au yanahusiana. Angalia 9 Novemba, Ujerumani.

Mwaka 1918 siku hiyo ilitangazwa kwamba Kaisari Wilhelm II ameachia kiti, na mwanasiasa Philipp Scheidemann akatangaza jamhuri. Mwaka 1923 jaribio la Hitler la kupindua serikali lilizimwa kwa risasi mjini München.

Hapo ndipo uhusiano unapoanza. Wanazi waliifanya siku hiyo kumbukumbu ya wafu wao kila mwaka, hivyo 9 Novemba 1938 viongozi wao walikuwa wamekusanyika München. Ilipofika habari kwamba mwanadiplomasia wa Ujerumani Ernst vom Rath amekufa Paris kwa kupigwa risasi na kijana Myahudi, Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, akawachochea pale pale dhidi ya Wayahudi. Usiku huo masinagogi yalichomwa nchi nzima, na Wayahudi wanaume wapatao 30,000 wakakamatwa. Kwangu huo si mkosi wa tarehe, ni kazi ya watu.

Mwaka 1989 ni bahati tupu. Günter Schabowski, msemaji wa chama tawala cha Ujerumani Mashariki, aliulizwa na wanahabari kanuni mpya za kusafiri nje zinaanza lini, akajibu kwamba zinaanza papo hapo, wakati zilipangwa kuanza kesho yake. Watu wakamiminika mpakani, na Ukuta wa Berlin ukafunguka usiku ule ule.

Kwa sababu ya 1938, Wajerumani hawakuifanya 9 Novemba sikukuu ya taifa. Husherehekea 3 Oktoba, siku Ujerumani Mashariki na Magharibi zilipoungana mwaka 1990.