Mama ana presha ya macho, nimemkuzia maandishi anasema nimemharibia

SWALI: Kaka fundi habari za kazi. Mama yangu ni mwalimu mstaafu, ana presha ya macho mwaka wa nne sasa, dawa anaweka ila kuona kumepungua. Ana laptopu ya Windows 11, anaandikia hesabu za kikoba na kuongea na wajukuu. Nilivyoenda likizo nikamwongezea maandishi mpaka mwisho kabisa, mi nikajua nimemsaidia, kumbe ndo kelele, anasema bora nirudishe ilivyokuwa. Sa nimnunulie yenye skrini kubwa au? Dada wa Morogoro.

JIBU: Dada usinunue kitu kwanza, na mama msikilize maana yuko sahihi. Presha ya macho mara nyingi inaanza kula pembeni, katikati panabaki, mtu anakuwa kama anachungulia kwenye tundu la kitasa. Sasa we umechukua neno ukalifanya kubwa, kwenye lile tundu lake linaingia nusu, nusu nyingine ipo nje, kwa hiyo anazungusha kichwa kutafuta mwisho wa sentensi. Skrini kubwa nayo ni hivyohivyo, unamwongezea eneo la kutafuta. Mwenye shida ya kuona vya karibu tu, huyo mkuzie hata mara mbili atakushukuru, ila macho hayafanani na hapa ndo watoto wengi tunakosea, tunaseti kwa macho yetu halafu tunapanda basi tunaondoka.

Fanya hivi. Kaa naye, laptopu iwe mbele yake sio mbele yako. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na U, inafunguka moja kwa moja sehemu inayoitwa Accessibility, huna haja ya kuzunguka kwenye setingi. Nenda Text size, kale kamstari kanaanzia asilimia 100 mpaka 225, we ulikapeleka mwisho. Karudishe 100 halafu panda pole pole huku yeye anasoma kwa sauti, akianza kukwama rudi nyuma kidogo, hapo ndo pake. Mi nahisi mtaishia kwenye 120 au 130 hivi lakini aseme mwenyewe.

Halafu rangi. Hii ndo inayosaidia kuliko ukubwa na watu wanairuka. Presha ya macho inapunguza uwezo wa kutofautisha kijivu na cheupe, na Windows 11 imejaa vijivu vijivu tu. Ingia Contrast themes, kuna rangi nne za kuchagua, mjaribishe zenye weusi nyuma na maandishi meupe. Kuna wanaoipenda siku hiyohiyo na kuna wanaosema kama msiba, usimlazimishe.

Cha tatu ni kile kimshale cha mausi. Nakuhakikishia kinampotea, hata kama hajakwambia, wazazi hawasemi. Palepale kwenye Accessibility kuna Mouse pointer and touch, kikuze na ukipe rangi inayowaka, njano au pinki ile ya kuchukiza, we usijali uzuri. Na kimstari kinachowakawaka anapoandika nacho kina sehemu yake, Text cursor, kiwekee alama za rangi juu na chini.

Siku akikutana na kitu kidogo sana, tuseme risiti iliyopigwa picha, mfundishe kubonyeza Windows na alama ya kujumlisha, hiyo ni Magnifier, inakuza papo hapo, na Windows na Esc inaizima. Mwandikie kwenye karatasi kwa maka pen nyeusi ibandikwe ukutani. Na kliniki asiache, setingi hazirudishi jicho. Mpe shikamoo yangu.

SWALI: Kibodi imenigomea ghafla, kila herufi mpaka niishikilie ndo itokee, nikigonga haraka kimya. Fundi wa mtaani kasema imekufa, anataka hela ya mpya. Ni kweli?

JIBU: Ngoja kwanza kaka, pesa iache mfukoni. Shikilia Shift ya kulia sekunde 8. Kama kibodi imefufuka basi ilikuwa Filter Keys, ni msaada wa watu wanaotetemeka mikono, unaiambia kompyuta isihesabu batani iliyoguswa kwa bahati mbaya. We uliiwasha bila kujua, pengine uliegemea ile Shift huku unawaza mengine, kikatokea kiboksi ukabonyeza tu. Ndugu yake ni Sticky Keys, inakuja ukigonga Shift mara 5, hiyo ni ya anayetumia mkono mmoja, mzee wangu mmoja baada ya kiharusi ndo inamwezesha kuandika herufi kubwa, anagonga Shift anaachia kisha anagonga herufi. Kwa hiyo usizitukane.

SWALI: Mdogo wangu haoni kabisa, anaingia chuo. Programu ya kusoma skrini ni bei gani?

JIBU: Ipo inayoitwa NVDA, ni bure. Ilianzishwa Australia mwaka 2006 na Michael Curran, naye haoni, akashirikiana na mwenzie James Teh, pia haoni, ndo maana imekaa kitumiaji. Inaweza kukaa hata kwenye flashi akaitumia kwenye kompyuta ya chuo. Ikianza itasoma Kiswahili kama mzungu aliyeshuka jana, usikate tamaa, bonyeza Insert, Ctrl na V, kwenye Synthesizer bonyeza Change uchague eSpeak NG, kisha kwenye Voice chagua Swahili, ni ya kiroboti lakini inatamka. Laptopu ikikosa Insert, itumie Caps Lock, ila kwanza iruhusu kwenye kile kiboksi cha kukaribisha NVDA inapoanza. Ila kitu cha kwanza kumfundisha ni Ctrl, Alt na N ya kuiwasha kwenye laptopu ilipoinstoliwa (ya kwenye flashi haina hiyo), maana ikizimika yuko peke yake hosteli hakuna wa kumsomea skrini inasema nini.