Kabla Hujaweka Zapfino Kwenye Kadi ya Harusi

Msimu wa harusi ukifika hapa Mwanza, kadi nyingi zinaandikwa kwa herufi za mikia, zile zinazoonekana kama zimetoka kwenye kalamu ya wino. Nazipenda sana. Natengeneza kadi, vibao na stika, na herufi hizi ndizo zinazonilisha. Ndiyo maana naumia nikiona zimetumika ovyo: mikia ya mstari wa juu imeangukia mstari wa chini, jina la bibi harusi halisomeki, na wageni wanapiga simu kuuliza ukumbi ni upi. Kwa wanaoanza kazi hii, nawasihi wajue kwanza herufi ilitoka wapi. Asili yake ndiyo itakayokuonyesha pa kuiweka. Nachukua mfano wa Zapfino, fonti (seti ya herufi za kompyuta) ya mikia, kwa sababu ndiyo inayoombwa mara nyingi, hata na wateja wasioijua kwa jina.

Aliyeibuni ni Hermann Zapf, mzaliwa wa Nuremberg, Ujerumani, mwaka 1918. Mwaka 1935 alikwenda kwenye maonyesho ya kumkumbuka Rudolf Koch, bingwa wa herufi aliyefariki mwaka uliotangulia, na pale ndipo moyo wake ulipotekwa. Akanunua kitabu cha Koch na kingine cha Mwingereza Edward Johnston, akaanza kujifundisha mwenyewe nyumbani kwa kalamu ya ncha pana. Vita vilipokuja, jeshi lilimweka kwenye uchoraji wa ramani, huko Bordeaux, Ufaransa. Alisimulia baadaye kwamba aliweza kuandika herufi zenye urefu wa milimita 1 bila kioo cha kukuzia. Mwaka 1944, kwenye daftari lake la michoro, aliandika ukurasa wa alfabeti ya kalamu. Zapfino ilizaliwa kwenye ukurasa huo.

Ilichelewa mno kufika kwetu, na kuchelewa kwake ndiko kunakotufundisha. Mwishoni mwa miaka ya 1940 Zapf alijaribu kuigeuza kuwa herufi za kuchapia na kiwanda cha Stempel cha Frankfurt. Ikatoka fonti iitwayo Virtuosa, lakini madini ya risasi yalimbana. Wakati ule kila herufi ilikuwa kipande cha risasi chenye pembe nne, na vipande vilipangwa kimoja ubavuni mwa kingine. Mkia wa y ungepitaje chini ya herufi tatu zinazoufuata, wakati kila moja ina kuta zake? Ilibidi kupunguza huku na kule mpaka mkono wenyewe ukapotea.

Mwaka 1993 Mmarekani David Siegel, aliyewahi kufanya kazi ya fonti katika Chuo Kikuu cha Stanford, alimwandikia Zapf. Alitaka fonti ambayo kila herufi ina sura nyingi, ili maandishi yasijirudie kimashine. Zapf akaukumbuka ule ukurasa wa 1944. Siegel aliuacha mradi njiani, lakini Zapf akaupeleka kwa kampuni ya Linotype, na mwaka 1998 Zapfino ikatoka ikiwa na alfabeti nne kamili pamoja na mapambo. Mwaka 2003, akisaidiana na Akira Kobayashi, aliipanua ikawa Zapfino Extra, ambamo programu inaweza kuibadilisha herufi yenyewe kulingana na jirani yake.

Sasa fikiria. Mtu amesubiri zaidi ya miaka 50 ili y yake iwe na sura tofauti, halafu sisi tunabonyeza kitufe, tunachukua sura ile ile inayotoka kwanza, tunaijaza kadi nzima. Fungua vibadala, yaani sura nyingine za herufi ile ile. Kwenye Illustrator, programu ya kuchora, ukichagua herufi moja inakuonyesha ndugu zake. Programu nyingine zina dirisha lenye herufi zote za fonti. Humo ndimo kazi ilipo.

Kwa Kiswahili kazi hiyo ni kubwa kuliko kwa lugha nyingi, kwa sababu maneno yetu karibu yote yanaishia na irabu. Chukua sentensi ya kawaida: "Familia ya Mzee Masanja wa Nyegezi inapenda kukualika". Hesabu a zilizomo: ni 11. Ukizipa zote sura moja, jicho linaona muhuri uliogongwa mara 11. Ukizipa zote mikia, ni vurugu. Mimi naacha a zote ziwe za kawaida, zikipishana sura mbili tatu, kisha naipa mkia moja tu, ile ya mwisho ya "kukualika", kwa sababu mbele yake pana nafasi tupu na kalamu ingekuwa na pa kukimbilia. Halafu angalia zinazoshuka: y, j, y, g, p. Kama mstari unaofuata ni "kwenye harusi ya kijana wao", k na h zake zinapanda kukutana nazo. Hapo nachagua j ndefu kwenye Masanja, y na g fupi kwenye Nyegezi, na nauachia mstari wa chini nafasi kubwa kuliko ile programu inayonipa. Jina kama Dotto nalo lina t mbili zinazofuatana. Mkono ungezikata kwa mstari mmoja, kwa hiyo tafuta t zilizounganishwa au uzipe sura mbili.

Usiandike neno zima kwa herufi kubwa za mikia. Zilichorwa zifuatwe na ndogo. Ukizipanga zenyewe zinapigana.

Na usiandike kadi yote kwa Zapfino. Majina ya maharusi yanatosha, labda na neno la kukaribisha. Ukumbi, tarehe, saa na namba za simu za kamati viandikwe kwa herufi tulivu. Napenda kutumia Palatino, ambayo pia ni ya Zapf na nayo ilitoka kwenye kalamu. Imepewa jina la bingwa wa mwandiko wa Italia wa karne ya 16, na kompyuta za Windows huja nayo. Ukiziweka pamoja unaona ni mkono wa mtu mmoja, siku moja akiwa na haraka, siku nyingine ametulia. Siku hizi kadi nyingi zinatumwa kwa WhatsApp, na picha ikibanwa vistari vyembamba ndivyo vinavyotangulia kufa. Kadi ya simu ipewe majina makubwa zaidi, juu ya rangi isiyo na maua nyuma.

Kwa vibao mimi naikataa, hata mteja akisisitiza. Mtu aliye ndani ya daladala hana muda wa kufuata mkia. Ukitaka kuona herufi za mkono zinazosomeka kwa mbali, nenda soko la samaki la Mwaloni, Kirumba, utazame majina ubavuni mwa mitumbwi. Fundi wa brashi pale huandika kwa mkono mzito, herufi nene tangu mwanzo hadi mwisho, na mkia akiuweka anaupitisha sambamba na ubao, si kuukatiza. Jina lazima lisomeke mtumbwi ukiwa bado majini. Nimejifunza mengi kwa kusimama tu na kuangalia.

Kama ni stika ya kioo cha gari na lazima iwe Zapfino, unganisha maumbo yote yawe umbo moja kabla ya kutuma kwenye plota, mashine inayokata stika. Usipofanya hivyo, kisu kinakata kila mahali mkia ulipopita juu ya herufi, na stika inatoka vipande vipande. Vistari vyembamba vinenepeshe kidogo. Chini ya milimita 1 jua letu na maji ya kuoshea gari havivisamehi.

Neno kuhusu nakala za wizi za fonti zinazopitishwa kwenye flashi. Mara nyingi hazina vibadala, kwa hiyo unachopata ni ganda. Zapf mwenyewe mwaka 1993 alijiuzulu kutoka ATypI, chama cha kimataifa cha watu wa herufi, akipinga wanachama wakubwa kunakili kazi za wengine. Kompyuta za Apple huja na Zapfino. Kama unatumia Windows na huna fedha za leseni, chukua Great Vibes ya Robert Leuschke kutoka Google Fonts, ni ya bure kihalali na majina yanakaa vizuri.

Ukimaliza, chapisha kadi moja kwa ukubwa wake halisi, umpe mtu asiyewajua maharusi asome majina kwa sauti. Akikwama kwenye herufi, ibadilishe hiyo herufi kabla hujachapisha zilizobaki.