Marconi "aligundua", "alivumbua" au "alibuni" redio?

SWALI: Katika kitini cha sayansi cha mwanangu nimekuta sentensi hii: "Guglielmo Marconi aligundua redio mwaka 1895." Mimi ningeandika "alivumbua", na rafiki yangu mwandishi wa habari anashikilia "alibuni". Lipi sahihi? Na je, "simu ya upepo" tuliyoisikia kwa wazee ni Kiswahili fasaha au ni kosa, maana mawimbi hayabebwi na upepo?

JIBU: Rafiki yako yuko karibu zaidi na ukweli, wewe hujakosea, na kitini kimekosea. Lakini kosa la kitini haliishii kwenye kitenzi.

Kugundua ni kukitambua kitu kilichokuwapo bila kujulikana. Daktari hugundua ugonjwa, mlinzi hugundua wizi, wala hakuna aliyeutengeneza. Kubuni ni kutoa akilini kitu ambacho hakikuwapo: mtindo wa nguo, mashine, hadithi. Kuvumbua ndilo lenye historia ndefu, na ndilo linalotuchanganya. Kwa asili ni kinyume cha kuvumbika. Ukizifukia ndizi mbichi ili ziive, umezivumbika, ukizifukua, umezivumbua. Ni jozi ile ile ya funika na funua, ezeka na ezua. Maana yake ya kwanza basi ni kufichua kilichofichika, na ndiyo maana vitabu vya historia viliwaita "wavumbuzi" Wazungu waliofika kwenye maziwa na milima iliyokuwa na wenyewe. Baadaye maana ikapanuka, na leo ukisema "mvumbuzi" wengi humfikiria mtu wa mitambo. Kwa hiyo "alivumbua redio" ni sahihi, ila halimwambii msomaji kama Marconi alikikuta kitu au alikiunda. Katika habari ya redio, hapo ndipo penye mzozo wote.

Mskoti James Clerk Maxwell alichapisha mwaka 1865 hesabu zilizoonyesha kwamba umeme na usumaku husafiri pamoja kama wimbi, kwa kasi ya mwanga, takriban kilomita 300,000 kwa sekunde. Alifariki mwaka 1879 bila kuyashuhudia mawimbi tunayoyaita leo ya redio. Kitenzi chake ni "alitabiri".

Aliyegundua ni Heinrich Hertz. Kati ya 1886 na 1888, mjini Karlsruhe, Ujerumani, alirusha cheche za umeme kwenye mwanya wa chombo kimoja, na mbali kidogo akaweka kitanzi cha waya chenye mwanya mdogo mno. Cheche iliporuka huku, kicheche kiliruka kule kwenye kitanzi, ilhali hakuna waya uliounganisha viwili hivyo. Akayarudisha mawimbi kwa bati la zinki kama kioo kinavyorudisha mwanga, akapima urefu wake. Huyu usimwandikie "alibuni" hata kidogo. Kwa jambo linalotakiwa kuthibitishwa, kubuni ni kuzua, na "habari ya kubuni" ni habari isiyo ya kweli. "Hertz alibuni mawimbi" ni sentensi inayomtuhumu mtu aliyepima kwa uangalifu mkubwa.

Kisha wapo ambao kitini kimewaruka, jambo linaloniuma kuliko kitenzi. Mfaransa Édouard Branly alionyesha mwaka 1890 kwamba unga wa metali ndani ya kichupa huanza kupitisha umeme vizuri cheche inaporuka karibu nao. Tabia hiyo aliigundua, kichupa alikiunda. Mwingereza Oliver Lodge alikiboresha kiwe cha kunasa mawimbi ya Hertz, akakionyesha hadharani mwaka 1894. Jagadish Chandra Bose, kule Calcutta, alitumia mawimbi kuliza kengele na kuwasha baruti kwa mbali. Alexander Popov alionyesha chombo chake cha kunasa radi za mbali huko St Petersburg mwezi Mei 1895.

Mwaka huo huo Marconi, kijana wa miaka 21, alikuwa akifanya majaribio nyumbani kwao karibu na Bologna. Alichukua cheche za aina ya Hertz na kichupa cha aina ya Branly, akainua antena juu na kuzika waya mwingine ardhini. Ishara zikafika kama kilomita 2, hata ng'ambo ya kilima. Juni 1896 akaomba hataza, yaani haki ya kisheria ya mbunifu juu ya kazi yake, huko Uingereza. Hiyo ni kazi ya kubuni na kuunda mfumo, na ni kazi kubwa. Haimfanyi kuwa mgunduzi wa mawimbi. Hata sehemu za ubunifu wake zilipingwa: mwaka 1943 Mahakama ya Juu ya Marekani ilibatilisha madai muhimu ya mojawapo ya hataza zake, ikiona kwamba wengine, akiwemo Lodge, walimtangulia.

Neno "redio" nalo linapotosha. Mtoto akilisoma husikia sauti na muziki, ilhali Marconi alirusha nukta na vistari vya Morse tu, yaani alama zinazosimama badala ya herufi. Sauti ya mtu ilipelekwa bila waya mwaka 1900, na Reginald Fessenden, huko Marekani. Kwa mwaka 1895 andika "telegrafu isiyotumia waya".

Kuhusu simu ya upepo, wazee wako walisema Kiswahili kizuri. "Simu" tumeipata kwa Waajemi, na kwao sim ni waya. Kebo ya baharini ilifika Unguja mwaka 1879, kwa hiyo simu ya waya, yaani telegrafu, ilizoeleka kwanza, na ile isiyo na waya ikahitaji jina lake. Mnara wa Dar es Salaam uliolengwa na mizinga ya manowari ya Waingereza Agosti 1914 ulikuwa wa simu ya upepo. Ni kweli kwamba mawimbi hupita hata pasipo hewa, lakini jina la kitu si maelezo ya fizikia yake. Litumie katika masimulizi na historia bila wasiwasi. Katika somo la mawimbi, tumia istilahi ya somo.

Sentensi ya kitini ningeiandika hivi: "Mwaka 1895 Guglielmo Marconi aliunda mfumo wa kupeleka ishara bila waya, akitumia mawimbi yaliyogunduliwa na Heinrich Hertz." Ukipenda kuweka "alibuni" mahali pa "aliunda", sina pingamizi.