Uanze na Little Dorrit au Bleak House?

Zote mbili ni tamthilia za televisheni zilizotokana na riwaya za Charles Dickens. Kama unachotafuta ni umaskini na matabaka, anza na Little Dorrit ya BBC (2008). Bleak House (2005) ni nzuri sana, ila kesi ya mirathi inameza nafasi kubwa.

Little Dorrit ina vipindi 14: cha kwanza na cha mwisho saa moja moja, vilivyobaki nusu saa. Kiini chake ni gereza la Marshalsea, London, ambako baba yake Dickens mwenyewe alifungwa kwa deni mwaka 1824. Mdaiwa hatoki mpaka alipe, na akiwa ndani hana pa kuchuma hela ya kulipia. Ndiyo maana Amy, binti wa mfungwa mmoja humo, anashona nje ili baba yake ale.

Wanaokwama hukwamishwa na wingi wa wahusika. Mfuate Amy na Arthur Clennam, bwana anayetaka kumsaidia, tu; wengine watajipanga wenyewe. Tazama vipindi viwili viwili. Riwaya nayo ilitoka sehemu kwa sehemu kila mwezi, 1855 hadi 1857.

Huna muda? Tazama North & South (2004), tamthilia ya vipindi 4 iliyotokana na riwaya ya Elizabeth Gaskell: kiwanda cha pamba, mgomo, na Bessy anayekufa kwa vumbi la pamba kwenye mapafu. Mwisho wake, kwenye stesheni ya treni, haumo katika riwaya ya Gaskell.